Sekunde Kumi na Nne

Mwalimu Asukulu tunamzika Jumamosi, na ratiba ya mazishi nimepewa mimi niichape, kama ninavyochapa zote za kwaya yetu ya Haltom City miaka yote hii. Kila kitu kimeshakaa mahali pake: maombi, wasifu, salamu za kazini kwake, chakula ukumbini. Kimebaki kimoja. Namba saba ni wimbo wa "Taa ya Ng'ambo", ambao Mkongo wa Texas hazikwi bila kuimbiwa, na chini yake kuna neno Mtunzi, nukta mbili, halafu hakuna kitu. Mwenyekiti wa kamati amenipigia mara mbili. Anasema andika Mwalimu, kwani kuna swali gani? Swali lipo. Ninalo tangu mwaka 2018 na sijamwambia mtu, hata mume wangu, ambaye hudai kwamba siri nikipewa jikoni haifiki sebuleni ikiwa bado siri. Kwa hiyo nimefunga kompyuta, nimewapa watoto simu wachezee, na nimekaa na daftari.

Mwaka ule nilikuwa na miaka ishirini na miwili na ghala lilikuwa limenichosha. Jinsi nilivyofika Texas sitaeleza. Tuliotoka Fizi, Kongo, tukapitia kambi ya wakimbizi tunaijua, na wasioijua wameshasimuliwa vya kutosha. Niliacha kazi ya kupanga maboksi Fort Worth, jirani na Haltom City, nikapanda basi hadi Houston kwa mama mdogo Atosha, aliyekuwa akiishi Gulfton, kwenye zile nyumba za ghorofa mbili zinazotazamana na magari. Vyumba viwili, watu saba, mimi nikapewa kochi. Asubuhi kulikuwa na foleni ya bafu na harufu ya ndagala, dagaa wa kwetu, kwenye mafuta. Jirani yetu wa Honduras alikuwa akigonga ukuta kwa ajili ya harufu hiyo. Baada ya mwezi akaacha ukuta, akawa anagonga mlango na sahani mkononi. Mama Atosha alikuwa na kazi ya kutunza wazee majumbani, na huko alisikia kwamba Madame Sabine, mhandisi Mfaransa, anatafuta mtu wa kumsaidia baba yake kuorodhesha vitu vyake, mtu anayejua Kifaransa cha kuandika. Akaniuliza, "Uta-apply ama utaogopa?" Nikasema Kifaransa changu ni cha kambini. Akasema na cha yule mzee ni cha kwao, mtakutana katikati.

Madame Sabine alinipa imla. Alichukua barua ya bima iliyokuwa mezani, akanisomea, nikaandika yote bila kosa. Alishangaa sana. Mimi sikushangaa, maana shule yetu kambini Kigoma ilifuata masomo ya Kongo, na mwalimu wa imla alikuwa na fimbo pamoja na kumbukumbu nzuri. Basi nikaanza kazi, siku tatu kwa wiki, kuanzia saa nne asubuhi.

Baba yake aliitwa Lucien Carvès. Alikuwa na miaka themanini na minne, mwembamba, shati limefungwa vifungo hadi shingoni, na kazi yake maisha yote ilikuwa kutunga muziki wa filamu. Sikuwa nimewahi kufikiria kwamba hiyo ni kazi ya mtu. Filamu nilizoziona zilikuwa na muziki kama nyumba inavyokuwa na kuta, na nani huuliza jina la aliyejenga kuta? Alikuwa ameletwa Houston na binti yake baada ya kufiwa na mkewe, na maboksi yake yakaja nyuma kwa meli, yakapangwa garaji, mahali pa gari. Kanda za zamani hazitaki joto, kwa hiyo kiyoyozi cha garaji hakikuzimwa. Nje Houston ilikuwa inachemka, ndani mimi nimevaa koti la baridi na kofia ya Mama Atosha, mwezi wa saba. Kuna maktaba huko kwao ilikuwa imekubali kuchukua kila kitu, kwa sharti waletewe orodha kwanza. Hilo ndilo lililokuwa jukumu langu: namba ya boksi, jina la filamu, mwaka, nani alipiga, urefu kwa dakika na sekunde, na maelezo.

Kazi ya maisha ya mtu niliijua kwa njia hiyo, boksi baada ya boksi. Alianza kwa kupiga piano kwenye ukumbi wa dansi. Mpiga picha mmoja aliyekuwa akija kunywa pale akamwomba muziki wa filamu fupi ya tarishi na baiskeli yake, kisha zikaja filamu za majambazi, nyingi, kisha vipindi vya polisi kwenye televisheni, kisha matangazo ya sabuni na jibini, kisha simu ikanyamaza. Filamu arobaini na moja. Hakunisimulia hadithi ya hata moja. Kila kanda aliieleza kwa sekunde: mwanamke anafunga dirisha, kumi na moja, mtu anapanda ngazi, ishirini na sita, kwenye ngazi ya mwisho anasita, hapo vinanda vinyamaze. Mfukoni alikuwa na saa ya kupimia, ya chuma, yenye kitufe juu, na aliitumia kwa kila jambo. Yai la kuchemsha, chai, hata mimi nikienda chooni nilihisi ninapimwa. Nilimuuliza kama alikuwa maarufu. "Mimi nilikuwa fundi cherehani, Mademoiselle Faida," alisema. "Wananiletea mtu, nampima, nakata kitambaa. Watu wakitoka hapo wanamsifu aliyevaa."

Saa sita tulikula jikoni. Yeye alipika omleti, mimi nilileta chombo changu cha sombe na wali, na kufikia wiki ya tatu tulikuwa tumebadilishana: yeye anakula majani yangu ya muhogo kwa mkate, mimi nakula mayai yake. Madame Sabine alipiga simu kila siku kuuliza dawa. Nilimsikia mara moja akizungumza na mumewe sebuleni, akidhani hatusikii, kwamba maktaba wanachukua tu kwa heshima, hakuna atakayefungua yale maboksi. Mzee alisikia pia. Aliendelea kupaka siagi hadi pembeni kabisa mwa mkate. Baadaye garaji aliniuliza, bila huzuni yoyote ya kuonekana, kama ninadhani kuna mtu mmoja mahali fulani duniani anaimba kitu chake akiosha vyombo. Nikasema bila shaka yupo. Nilisema hivyo kwa adabu tu.

Boksi la ishirini na nane tulilifungua mwezi wa tisa. Filamu yenyewe haikufanya vizuri, alisema. Mwanamume anarudi kijijini kumzika kaka yake na anakuta wameshamzika. Muziki ulikuwa wa sehemu moja tu, anapotembea kuelekea makaburini. Akaweka kanda kwenye mashine, akabonyeza saa yake. Ilianza filimbi, peke yake. Kabla haijafika noti ya tano mwili wangu ulikuwa umeshaijua, kama unavyojua hatua za mtu wa nyumbani kabla hajabisha. Ilikuwa "Taa ya Ng'ambo". Ya haraka kidogo, bila maneno, lakini yenyewe, ile tuliyomzikia nayo bibi yangu, ile ambayo mimi sauti ya pili naiimba bila kitabu. Halafu katikati ya mstari wa nne ikakatika ghafla. Nikasema kanda imeharibika. Akasema hapana, nzima. Mwongozaji alipunguza picha siku moja kabla ya kumaliza, sekunde kumi na nne, akamwambia kata na wewe. Akakata. Na kwa kuwa mwisho ulikuwa bado haujaandikwa vizuri, haukuandikwa tena. Kwa miaka thelathini alikuwa akijaribu nyumbani, kwenye piano yake, kuutafuta ule mwisho, na kila alioupata ulikuwa wa uongo. Kisha akanitazama. "Unaujua wimbo huu?"

Nikasema siujui. Nikaandika kwenye orodha: dakika moja, sekunde thelathini na nane.

Kwa nini nilidanganya? Ni kwa sababu ya Mwalimu Asukulu. Kambini alikuwa mwalimu kweli, watu walimpisha njiani. Haltom City alikuwa anafunga vifuniko vya plastiki kiwandani, chini ya msimamizi aliyekuwa na umri wa mwanawe wa mwisho, ambaye hakuweza kulitamka jina lake na akaamua kumwita Sam. Kitu kimoja tu hakikubadilika tangu Kigoma hadi Texas: yeye ndiye aliyetunga "Taa ya Ng'ambo". Watu walimtambulisha hivyo. Makanisa ya Dallas na ya Houston yalimwalika kwa hilo, na mwaka ule kwaya ilikuwa inajiandaa kurekodi, na wimbo huo ndio wa kwanza. Na wimbo ulikuwa na mwisho. Pale filimbi inapokatika, kwetu waimbaji wa sauti ya nne hushuka peke yao, "ng'ambo, ng'ambo kuna taa," mara tatu, kila mara chini zaidi, kama jeneza linavyoshuka. Mwisho ambao yule mzee aliutafuta miaka thelathini mimi nilikuwa nao mdomoni, nimekaa mbele yake na koti, nimenyamaza. Nikifungua mdomo, mmoja anapata alichopoteza na mwingine anabaki Sam. Nilijichukia, sitaficha.

Nilimzungukia Mama Atosha jikoni siku hiyo hiyo. Nikamuuliza, kana kwamba nimekumbuka tu, Mwalimu alitungia wapi ule wimbo. Alikuwa anatwanga vitunguu saumu na hakuinua kichwa. Akasema kambini, wiki waliyofariki mapacha wa Mama Salima. Wazazi hawakuwa na wimbo wa kuzikia watoto wawili kwa mara moja, na Mwalimu akaja nao asubuhi. Kisha akacheka peke yake. Akasema siku zile, jioni baada ya shule, Mwalimu alikuwa mlinzi wa mlango pale kwenye kibanda cha video, anakusanya tiketi. Filamu hakuzitazama, mtu wa kanisa, kiti chake kilikuwa nje, kisogo kwenye ukuta wa turubai. "Ndani haoni," alisema, "anasikia tu." Akaongeza kwamba zamani zile waimbaji wote walifanya hivyo, tangazo la redio likiwa tamu wanalitia maneno ya Mungu na kusema wimbo umeokoka. Kwa hiyo Mama Atosha alikuwa anajua, au nusu anajua, na halikumnyima usingizi. Nilimuuliza si ni kosa. Akasema, "Mais Faida, wale watoto tungewazika kimya?"

Mwezi wa kumi na moja alifariki Mama Salima mwenyewe, ambaye alikuwa amehamia Gulfton, na kwaya ikaja kutoka Haltom City kwa magari mawili. Juma lile orodha yetu ilikuwa imefika boksi la thelathini na tisa. Nilikuwa nimeamua sitafanya lolote, na bado nilijikuta nikimwambia Monsieur Carvès kwamba Jumamosi asubuhi kuna mazishi, na kuna wimbo ningependa ausikie. Hakuuliza wimbo gani. Madame Sabine alimleta, akiwa na wasiwasi wa ngazi na wa chakula. Tuliwakalisha kanisani safu ya nyuma, upande wa mlango, na kina mama wakaja mmoja mmoja kumpa pole, maana mzee akikaa msibani ni mfiwa, hata awe nani. Alipokea pole zote kwa heshima kubwa.

Mimi nilisimama na kwaya. Mwalimu alikuwa mbele yetu, suti yake ya kijivu, kidole kimoja hewani. Tulipoanza nilimtazama mzee badala ya kumtazama Mwalimu, na nilichelewa kuingia. Mkono wake ulienda mfukoni, ukatoka na saa, ukabonyeza. Uso haukubadilika kabisa. Alisikiliza kama alivyosikiliza kanda zote, kichwa kimeinama kulia. Tulipofika mstari wa nne, pale penye kukatwa, kidole gumba chake kilishuka kwenye kitufe, kikabonyeza. Sauti ya nne wakaendelea. Wakashuka mara ya kwanza, mara ya pili, mara ya tatu, na yeye akiwa bado ameshika saa iliyosimama, mdomo wazi kidogo, hadi tulipomaliza na jeneza likainuliwa. Mimi nililia. Watu walidhani ninamlilia Mama Salima.

Baada ya makaburini tulikula ukumbini: wali, maharage, sombe, nyama ya mbuzi. Mwalimu, kama ilivyo desturi yake, alipita kuwasalimu wageni, na alipoambiwa kwamba yule ni Mfaransa akavuta kiti, maana alikipenda Kifaransa na huko kiwandani hakikuwa na kazi. Nilikuwa nimesimama kati yao na jagi la maji. Nilitaka kuondoka, nikabaki nikijaza vikombe. Monsieur Carvès alimuuliza nani alitunga mwisho wa ule wimbo.

"Wimbo wote ni wangu, Papa," Mwalimu alisema.

"Nauliza mwisho."

"Mwisho pia."

"Ulikuchukua muda gani?"

Mwalimu alitabasamu, kama anayeulizwa swali la mtoto. Akasema hapakuwa na muda. Watu wapo kaburini, shimo liko wazi, wimbo hauwezi kuwaacha pale wamesimama. Ulipaswa kuwashusha, basi akaushusha. Mzee akatikisa kichwa taratibu. Akasema, "Mimi nilishindwa miaka thelathini." Nilimwona Mwalimu anamtazama, kisha anaitazama ile saa ya chuma iliyokuwa mezani karibu na sahani, kisha ananitazama mimi, na mimi nikatazama jagi. Halafu akachukua kijiko, akamwongezea mzee nyama, vipande vizuri, na alipoinuka alimshika mkono hadi kwenye gari, akamfungia mkanda kama anavyofungiwa baba. Hakuniuliza kitu siku ile wala siku nyingine. Nilijiambia hakuelewa, na nilifurahi kujiambia hivyo.

Jumatatu garaji Monsieur Carvès aliniamuru nirudi boksi la ishirini na nane. Nilikuwa nimejiandaa kwa karipio la uongo wangu. Badala yake akanisomea, kwa sauti ya imla, niandike sehemu ya maelezo: "Haukukamilika. Mwisho umeandikwa na Bwana Asukulu." Akaniuliza jinsi ya kuandika jina, herufi kwa herufi. Nikamuuliza kama hakukasirika. Akasema wimbo wake ulikuwa umekwenda kumzikia mtu wa kweli, na nyingine arobaini zilibaki na waigizaji. Kisha akalalamika kwamba mwisho wetu ni mrefu mno, usingeingia kwenye filamu yoyote. Tulimaliza orodha kabla ya Krismasi na nilirudi Haltom City, nikaanza kozi ya uuguzi, na kwaya wakanipa kazi ya kuchapa, kwa kuwa nilikuwa nimezoea orodha.

Monsieur Carvès alifariki mwaka 2020, miezi ile ambayo mazishi yalikuwa ya watu wachache na barakoa. Madame Sabine alipiga simu kuomba ule wimbo, hata kwa sauti moja, yeye angeweka simu karibu na jeneza. Nilimpigia Mwalimu kwanza kuomba ruhusa. Ilikuwa heshima tu, wimbo wa mtu. Akasema, "Imba. Pale mwisho usiharakishe." Nikaimba nimesimama jikoni, simu imeegemezwa kwenye kopo la chumvi.

Hayo ndiyo niliyoyajua hadi leo mchana. Lakini kabla ya kukaa na daftari hili nilitoa boksi la ratiba za zamani nikitafuta wasifu wa Mwalimu, na nikazikuta karatasi zake mwenyewe, zile za mwandiko wa mkono alizokuwa akinipa nichape, mazishi baada ya mazishi. Nilizipanga kwa miaka, tabia niliyoitoa garaji. Zile alizoandika kabla ya kifo cha Mama Salima, ambazo nilirithi na faili, zote zinasema Mtunzi: Mwl. Asukulu, na mstari chini ya jina. Kuanzia pale na kuendelea, kila moja, hadi ile ya mwezi uliopita ambayo mkono unatetemeka, inasema Mtunzi, nukta mbili, na baada yake karatasi tupu. Jalada la kanda tuliyorekodi nalo hivyo hivyo. Nilichapa nafasi ile tupu miaka yote nikidhani Mwalimu anasahau, na mara nyingine nilimjazia jina lake mwenyewe, na yeye, nakumbuka sasa, alilifuta kwa kalamu bila kunieleza. Alijua. Alijua tangu kwenye meza ya msiba, akakaa na kiwanda chake na jina lake la Sam, na hilo moja alilokuwa nalo akaliacha wazi, akimsubiri mtu mwenye ushahidi aje kulijaza. Mtu huyo nilikuwa mimi, na nilikuwa nimekaa naye kwaya moja.

Nimefungua kompyuta. Namba saba nimeandika: Mwanzo, Lucien Carvès. Mwisho, Mwalimu Asukulu. Nimeituma. Mwenyekiti amepiga papo hapo, anauliza huyo wa kwanza ni nani, na kama ni ndugu wa marehemu aingizwe kwenye orodha ya familia. Nimemwambia ndiyo, ni ndugu yake, ila ametangulia.